Siku Ngapi Unaweza Kukosa Kabla Rejesho Halijakushinda?

Anayekwenda kukopa huuliza mambo mawili: nitapewa kiasi gani, na rejesho ni shilingi ngapi kwa mwezi. Akishajibiwa hupiga hesabu ya kichwani, na mwezi anaoupigia hesabu ni mwezi mzuri: abiria wapo, mtoto hajaugua, petroli haijapanda, hakuna msiba kijijini. Hesabu ikikubali, anasaini. Swali la tatu, ambalo kwa maoni yangu ndilo lilipaswa kutangulia, linabaki bila kuulizwa: itakuwaje kama mwezi hautakuwa mzuri? Wengi wanaoingia kwenye mikopo ya riba kubwa ambayo mtaani tunaiita kausha damu wanajua vizuri kujumlisha na kutoa. Walichokosa ni kuujumlisha mwezi mbaya kabla haujafika, na chombo cha kufanyia kazi hiyo kipo tayari kwenye simu za wengi wetu bila kuguswa.

Chombo chenyewe ni lahajedwali, lile jedwali la seli tulilozoea kuliita Excel hata pale ambapo programu ni nyingine. Lilizaliwa kutokana na swali hilohilo la itakuwaje. Mwishoni mwa miaka ya 1970, Dan Bricklin, mwanafunzi wa biashara katika Chuo Kikuu cha Harvard nchini Marekani, alikuwa akimtazama mwalimu akijaza jedwali la fedha ubaoni. Kila mwalimu alipobadili tarakimu moja, ilimbidi afute na kuandika upya nyingine zote zilizoitegemea. Bricklin akawaza ubao unaojirekebisha wenyewe. Yeye na mwenzake Bob Frankston wakatengeneza VisiCalc, iliyoanza kuuzwa mwaka 1979 kwa kompyuta za Apple II. Lotus 1-2-3 ikafuata mwaka 1983 na Excel mwaka 1985. Sisi tumelipokea lahajedwali kama daftari nadhifu la kuorodhesha wanachama wa kikundi cha kuweka na kukopa (VICOBA), michango ya harusi na mishahara. Si vibaya, lakini daftari hata la karatasi linatosha kwa hayo. Kilichomsumbua Bricklin ni jambo jingine kabisa: kubadili tarakimu moja na kuona papo hapo zinavyotikisika zilizobaki.

Tuchukue mfano wa kijana anayetaka pikipiki ya bodaboda. Tarakimu ni za kupanga, na msomaji aweke zake. Anakopa shilingi 3,000,000 kwa miezi 12, kwa riba ya asilimia 3 kwa mwezi isiyopungua, yaani inayokokotolewa juu ya mkopo wote hadi mwezi wa mwisho, hata kama amekwisha kulipa zaidi ya nusu. Riba ni 1,080,000, jumla 4,080,000, rejesho 340,000 kwa mwezi. Sasa afungue jedwali. Seli B1 aweke mapato ya siku, 30,000. B2 petroli ya siku, 8,000. B3 siku za kazi kwa mwezi, 26. B4 matumizi ya nyumbani kwa mwezi, 150,000. B5 sevisi, oili na tairi, 40,000. B6 rejesho, 340,000. Kisha B7 aandike =(B1-B2)*B3-B4-B5-B6. Jibu ni 42,000, ziada inayopendeza. Hapa ndipo wengi huishia na kwenda kusaini. Asiishie hapo. Aende B3, afute 26, aandike 22, kwa sababu masika ya Machi hadi Mei hayamwachi abiria juu ya pikipiki, na kwa sababu malaria, ajali ndogo na mazishi havina kalenda. B7 inageuka: pungufu 46,000. Siku nne tu zimeigeuza ziada kuwa deni. Akijaribu siku 24 bado anapungukiwa shilingi 2,000. Excel ina zana iitwayo Goal Seek inayolitafuta jibu kinyumenyume: unaiambia B7 iwe sifuri kwa kubadili B3, nayo inakuletea 24 na ushei. Kwa maneno mengine, mkopo huu unadai siku 25 za kazi kila mwezi, kwa miezi 12 mfululizo. Hakuna afisa mikopo anayelisema hilo anapokukabidhi fomu, lakini ndilo sharti zito kuliko yote yaliyomo.

Petroli nayo haisimami. Nchini Tanzania mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, EWURA, hutangaza bei kikomo za mafuta kila Jumatano ya kwanza ya mwezi. Nchini Kenya bei hutangazwa na mamlaka ya nishati na petroli, EPRA, katikati ya mwezi. Katika mkopo wa mwaka mmoja, seli B2 inaweza kubadilika mara 12 bila dereva kuulizwa. Petroli ikipanda kwa asilimia 10, zile siku 25 zinamwacha na sifuri kamili. Akiongeza mstari wa michango ya harusi na misiba, hata 30,000 tu kwa mwezi, kabla petroli haijapanda atahitaji siku zote 26. Mstari huo wa michango nausisitiza kwa sababu karibu kila bajeti ya Kiswahili niionayo huuacha, na hakuna familia yetu isiyoulipa.

Jedwali likishasimama, linaanza kufichua mambo ambayo maneno ya mkataba yanayafunika. Andika kwenye seli tupu fomula ya kukokotoa rejesho, =PMT(3%,12,-3000000). Utapata rejesho la 301,386, na riba ya mwaka mzima ni kama 616,600. Hii nayo ni riba ya asilimia 3 kwa mwezi, ila inatozwa juu ya salio linalopungua. Mikopo miwili, asilimia moja mdomoni, tofauti ya zaidi ya shilingi 463,000. Ule wa riba isiyopungua, ukiupima kwa kipimo cha salio linalopungua, ni asilimia 5 na ushei kwa mwezi. Na kwa dereva wetu tofauti haiishii kwenye fedha: wa salio linalopungua unadai siku 23 za kazi badala ya 25. Wanaokwepa riba kwa sababu ya dini na kununua kwa murabaha, yaani benki kununua bidhaa na kuwauzia kwa faida iliyowekwa wazi, nao wana rejesho la kila mwezi, kwa hiyo seli ya siku za kazi inawahusu vilevile.

Kisha yanakuja maamuzi. Vipi akirefusha mkopo wenye riba isiyopungua hadi miezi 18? Rejesho linashuka hadi 256,667, na siku 21 zinamtosha, lakini riba inaongezeka kwa 540,000. Vipi akisubiri, akaweka 600,000 kidogokidogo kwenye kikundi, akakopa 2,400,000 tu? Rejesho ni 272,000, siku 21 zinamtosha vilevile, na riba inapungua kwa 216,000. Njia hizo mbili zinampa nafuu ileile ya siku; moja inamgharimu zaidi ya nusu milioni, nyingine inamgharimu miezi ya subira. Huenda mtu ana sababu nzuri ya kutosubiri. Lakini sasa anajua kutosubiri kwake kuna bei gani.

Wapo watakaosema tarakimu zote hizi ni za kukisia, na kisio likiwa bovu jibu nalo ni bovu. Ni kweli, na ndiyo maana hatuandiki kisio moja. Lahajedwali halitabiri kitu. Linaonyesha ni kisio lipi lina uzito: katika mfano huu, kukosa siku nne kunauma kuliko petroli kupanda kwa asilimia 10, kwa hiyo nguvu ielekezwe kwenye sevisi ya mapema na afya ya dereva kuliko kwenye kulalamikia kituo cha mafuta. Wengine watasema riziki hupangwa na Mungu, na kuandika ugonjwa kwenye jedwali ni kujitabiria mabaya. Nahodha wa jahazi huuliza habari za pepo za kaskazi na kusi kabla ya kung'oa nanga, wala hakuna anayesema amejiletea mchuro. Kupima uwezo wako hakumwondolei Mungu kitu.

Pingamizi ninaloliogopa zaidi ni la makosa, kwa sababu jedwali lenye kosa linasema uongo kwa sauti ya uhakika. Mwaka 2010 wachumi Carmen Reinhart na Kenneth Rogoff walitoa utafiti kuhusu deni la taifa na ukuaji wa uchumi, ukanukuliwa na wanasiasa wengi. Mwaka 2013 Thomas Herndon, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Massachusetts, alilifungua jedwali lao na kukuta, pamoja na kasoro nyingine, fomula ya wastani iliyoziruka nchi 5. Ikiwa wao waliteleza, nasi tutateleza. Dawa ni nyepesi: kila fomula ipigwe mara moja kwa mkono, na jedwali apewe mtu mwingine alikague kabla fedha haijashikwa. Kuhusu kukosa kompyuta, Google Sheets ni ya bure na inafungua kwenye simu. Asiye na simu ya namna hiyo anaweza kuichora mistari ileile saba kwenye daftari na kuirudia mara tatu, kwa mwezi mzuri, wa kawaida na mbaya. Kazi ni ya nusu saa.

Kwa hiyo ukipewa fomu ya mkopo, iombe kwanza uende nayo nyumbani. Muulize afisa kama riba inapungua au haipungui, na umwombe jedwali la marejesho ya kila mwezi kwa maandishi. Andika mistari yako saba, tafuta idadi ya siku ambazo mkopo huo unakudai, kisha uhesabu kwa ukweli siku ulizofanya kazi katika mwezi wako mbaya kuliko yote mwaka jana. Kama siku ulizofanya kazi ni chache kuliko zile mkopo unazodai, usisaini.