Usiulize ‘kwa mwezi ni ngapi’, uliza ‘mpaka mwisho ni ngapi’

Juzi baada ya Isha, mpwa wangu alinikuta barazani akiwa na bahasha ya kaki mkononi. Ndani mlikuwa na barua ya benki inayomkubalia mkopo wa kununua fleti ya vyumba viwili upande wa Bamburi. Alikuwa na furaha ya mtu aliyechoka kulipa kodi na kuhamishwa hamishwa na wenye nyumba.

“Elfu sitini na mbili kwa mwezi, mjomba. Mimi na mke wangu tutaweza.”

Nikamuuliza, “Na mpaka mwisho ni ngapi?”

Akanyamaza. Barua ilikuwa na kurasa nyingi, lakini hakuna mahali alipokuwa ameitafuta hesabu hiyo. Kisha akanieleza jambo lililonikosesha usingizi: malipo ya kwanza hana, kwa hiyo anafikiria kuchukua mkopo mwingine kwa hati ya nyumba ya mama yake, yaani dada yangu, kule Kisauni. Nyumba ile ndiyo tuliyosomewa hitima ya baba yetu. Hapo ndipo nilipochukua kalamu, na hesabu niliyomfanyia ndiyo ninayokuletea leo, ndugu msomaji, kwa sababu najua si yeye peke yake mwenye bahasha ya kaki.

Hesabu yenyewe

Fleti inauzwa Sh6.25 milioni. Benki inataka mnunuzi atoe asilimia 20, yaani Sh1.25 milioni, nayo imkopeshe Sh5 milioni kwa miaka 20. Riba ni asilimia 14 kwa mwaka, inayohesabiwa juu ya deni lililobaki. Malipo ya kila mwezi yanakuja Sh62,176.

Zidisha hiyo mara miezi 240. Utapata takriban Sh14.92 milioni. Umekopa milioni tano, utarudisha karibu milioni kumi na tano. Riba peke yake ni karibu milioni kumi, mara mbili ya mkopo wenyewe.

Wengi hudhani kwamba wakilipa nusu ya muda, nusu ya deni imeondoka. La hasha. Mwezi wa kwanza, katika zile Sh62,176, Sh58,333 zinakwenda kwa riba. Zinazopunguza deni ni Sh3,843 tu. Mwezi wa pili ni zaidi kidogo, na wa tatu zaidi kidogo tena, lakini mwendo ni wa kobe.

Baada ya miaka mitano mpwa wangu atakuwa amelipa Sh3.73 milioni. Deni litakuwa limebaki Sh4.67 milioni. Baada ya miaka kumi atakuwa amelipa Sh7.46 milioni, na bado atadaiwa milioni nne. Nusu ya deni haitaondoka mpaka mwaka wa kumi na sita. Ndiyo maana mtu akilipa miaka sita kisha akapoteza kazi, huona kama ameibiwa anapoambiwa deni lake. Hakuibiwa. Hivyo ndivyo mkopo wa muda mrefu ulivyopangwa tangu siku ya kwanza, na ratiba ya malipo huonyesha kila kitu. Ni vile tu hatuiombi, na tukipewa hatuisomi.

Muda una bei

Muuzaji wa fleti anapenda kukuonyesha malipo madogo ya mwezi, na njia rahisi ya kuyapunguza ni kurefusha muda. Mkopo ule ule wa milioni tano, kwa riba ile ile, ukilipwa kwa miaka kumi unahitaji Sh77,633 kwa mwezi, na jumla yake ni Sh9.32 milioni. Tofauti ya mwezi ni kama elfu kumi na tano na nusu. Tofauti ya mwisho ni Sh5.6 milioni.

Kama huwezi kujifunga kwa miaka kumi, iko njia ya kati. Chukua miaka 20, lakini kila mwezi ongeza Sh10,000 na uiambie benki kwa maandishi kwamba nyongeza hiyo ipunguze deni la msingi. Utamaliza chini kidogo ya miaka 12 na kuokoa zaidi ya Sh4.6 milioni. Ila kabla ya kutia sahihi, uliza kama kuna faini ya kulipa mapema.

Uliza pia riba inahesabiwa vipi. Kuna wanaotangaza asilimia 10, ukafurahi kuwa ni chini ya 14. Kumbe wanahesabu riba juu ya mkopo wote wa mwanzo kila mwaka, hata sehemu uliyokwisha kulipa. Milioni tano kwa mtindo huo kwa miaka kumi itakugharimu milioni kumi, zaidi ya ile ya asilimia 14 inayopungua na deni.

Riba haikai mahali pamoja

Mikopo mingi ya nyumba hapa Kenya ina riba inayobadilika, na hubadilika pamoja na kiwango cha Benki Kuu. Tangu Aprili 2020 hadi Mei 2022 kiwango hicho kilikuwa asilimia 7. Kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13, kabla ya kuanza kushushwa tena Agosti mwaka huo. Aliyekopa mwaka 2021 akidhani malipo yake yatabaki yalivyo, alijifunza somo.

Riba ya mkopo wetu ikiwa asilimia 16 badala ya 14, malipo ya mwezi yanakuwa Sh69,563. Benki nyingine haziongezi malipo bali hurefusha muda, na hapo ndipo penye mtego. Tuseme riba imepanda hadi 16 mwishoni mwa mwaka wa tano na wewe unaendelea kulipa zile Sh62,176. Riba ya mwezi peke yake itakuwa kama Sh62,250. Unalipa kila mwezi bila kukosa, na deni linakua.

Basi usitie sahihi kwa hesabu inayokutosha barabara. Jiulize kama utaweza kulipa iwapo malipo yataongezeka elfu saba, au mshahara mmoja ukikatika kwa miezi mitatu.

Gharama za pembeni

Kuna pesa nyingine ambazo hazimo kwenye bango la matangazo. Ushuru wa stempu wa kuhamisha nyumba mjini ni asilimia 4 ya thamani, na mashambani ni asilimia 2. Kwa fleti hii ni Sh250,000, na hulipwa taslimu. Kuandikisha dhamana ya benki kuna ushuru wake pia, asilimia 0.1 ya mkopo. Kisha kuna wakili wako, wakili wa benki ambaye mara nyingi unamlipa wewe, mthamini, ada ya benki ya kuandaa mkopo, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto.

Fleti ina ada ya huduma: maji, askari, taa za ngazi, lifti. Hata ikiwa Sh5,000 tu kwa mwezi, kwa miaka 20 ni Sh1.2 milioni. Jumlisha malipo ya kwanza, marejesho ya benki, ushuru wa stempu na ada hiyo. Fleti ya Sh6.25 milioni imekuwa zaidi ya Sh17.6 milioni, na wakili na bima bado sijawahesabu.

Insafu inataka niseme upande wa pili. Mwenye kupanga kwa Sh30,000 naye atalipa Sh7.2 milioni kwa miaka 20 hata kodi isipopanda shilingi, na siku ya mwisho hana hata ufunguo. Pesa nazo hupungua thamani: elfu sitini ya leo haitakuwa na uzito ule ule mwaka wa kumi na tano. Mwajiriwa anayeishi katika nyumba aliyoinunua kwa mkopo wa benki hupata nafuu ya kodi ya mapato pia: riba ya hadi Sh30,000 kwa mwezi haitozwi kodi, na kwa anayekatwa asilimia 30 hiyo ni nafuu ya hadi Sh9,000. Kwa hiyo simwambii mtu asinunue. Namwambia ajue ananunua kwa bei gani.

Ipo mikopo nafuu pia. Kampuni ya KMRC, iliyopewa leseni na Benki Kuu mwaka 2020, huzipa benki na sako fedha za muda mrefu ili zikopeshe watu kwa riba ya chini, ambayo imekuwa chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9.5, milioni tano kwa miaka 20 inarudi Sh11.19 milioni. Hiyo ni nafuu ya Sh3.7 milioni. Haipewi kila mtu wala kila nyumba, lakini kuuliza si kosa.

Na riba, je?

Najua msomaji wangu ananisubiri hapa. Mimi ni Mwislamu, na riba kwetu ni haramu. Nilimwambia mpwa wangu jambo hili kabla ya hesabu yoyote, kwa sababu hasara ya riba haiishii kwenye daftari.

Tuna bahati kwamba tangu 2008 zimekuwepo benki za Kiislamu nchini, na benki nyingine za kawaida zimefungua dirisha la sharia. Njia zao kuu kwa nyumba ni mbili. Katika murabaha, benki hununua nyumba kisha inakuuzia kwa bei ya juu inayojulikana tangu siku ya kwanza, na bei hiyo haipandi. Katika musharaka inayopungua, wewe na benki mnanunua kwa ubia. Unalipia kodi sehemu ya benki huku ukiinunua kidogo kidogo mpaka nyumba yote inakuwa yako.

Lakini tusijidanganye. Halali si lazima iwe rahisi. Benki ya Kiislamu nayo inafanya biashara, na jumla inaweza kukaribia ile ya benki ya riba. Kwenye musharaka, uliza kodi ya sehemu ya benki inapangwaje, na kama itapitiwa upya kila baada ya muda. Uliza ushuru wa stempu unalipwa mara ngapi, nyumba inapotoka kwa muuzaji kwenda benki na kutoka benki kuja kwako. Uliza ukichelewa kulipa ile faini inakwenda wapi. Mwenye kuuliza hayo hatilii shaka dini. Dini yenyewe imetuamrisha kuandikiana: aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qur’ani, ya 282 ya Suratul Baqara, inahusu deni na jinsi ya kuliandika.

Hati ya mama

Sasa nirudi kwa dada yangu. Hapa Mombasa wengi wetu tunaishi katika nyumba zisizo na ardhi yake, tukimlipa mwenye ardhi kodi ya kiwanja, na nyumba hizo benki hazizikubali. Mwenye hati miliki mkononi ana kitu ambacho majirani zake wengi hawana. Kuitia rehani ili mtoto apate malipo ya kwanza ni kuweka nyumba mbili kwenye mizani moja. Fleti ikikwama, na ya mama imo hatarini.

Sheria ya Ardhi ya 2012 inampa mkopaji kinga. Benki lazima impe ilani ya miezi mitatu arekebishe, kisha ilani nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Nyumba ya ndoa haiwezi kuwekwa dhamana bila sahihi ya mke au mume anayeishi humo. Sheria ya Benki nayo inazuia riba ya mkopo uliokwama kuzidi deni la msingi lililokuwepo ulipokwama. Kinga hizi ni nzuri, lakini zinachelewesha mnada tu. Haziufuti. Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga, na hawakutaka matanga hayo yawe ya mama.

Nilimpa mpwa wangu karatasi yenye maswali matano apeleke benki: jumla yote mpaka mwisho ni ngapi, riba au kodi inaweza kubadilika na nani anaamua, nikiongeza malipo deni linapungua au la, na kuna faini gani, gharama zote za siku ya kwanza ni zipi, nikishindwa, ni nini hasa kitachukuliwa. Majibu yote yaje kwa maandishi, pamoja na ratiba ya malipo ya miezi yote 240. Apeleke karatasi hiyo hiyo kwa benki ya Kiislamu, kisha aziweke barua mbili pamoja.

Kuhusu hati ya Kisauni tulikubaliana irudi sandukuni. Kama ni kungoja miaka mitatu akusanye malipo ya kwanza yeye na mkewe, angoje. Kila shilingi atakayoiweka sasa ni shilingi asiyoilipia mara tatu baadaye.

Hakuondoka na furaha aliyokuja nayo, na sikumlaumu. Lakini jana alinitumia ujumbe: “Mjomba, benki wamenipa ratiba. Nimehesabu mwenyewe.” Alhamdulillahi. Mali bila daftari hupotea bila habari, na nyumba ndiyo mali kubwa zaidi ambayo wengi wetu tutawahi kuinunua.