Parijata, Ua la Kuokotwa

Kwa kimo, mparijata haushindi mti wowote. Ni mti mdogo wa India, mara nyingi hauzidi mita 10, na majani yake yanakwaruza kama msasa. Rekodi zake zote ziko kwenye ua, tena ua lenyewe likishaanguka.

Kwanza, uhai mfupi. Parijata hufunuka jua likizama, jeupe, kikonyo chake rangi ya chungwa, na harufu yake ikajaza nyumba na ua wake. Kabla ya jua kuchomoza limekwisha pukutika.

Sijui mti wenye jina la huzuni zaidi. Kitaalamu ni Nyctanthes arbor-tristis, yaani ua la usiku, mti wa huzuni. Garcia de Orta, tabibu Mreno wa Goa, aliuandika kitabuni mwaka 1563 pamoja na kisa chake: binti aliyelipenda Jua, likamwacha, akajiua, majivu yake yakaota mti usiotaka kulitazama Jua tena.

Lakini heshima kubwa kuliko zote, kwangu mimi, ni hii. Kwa desturi za Wahindu, ua lililogusa ardhi halitolewi kwa miungu. Lakini parijata limeruhusiwa. Watu huamka alfajiri, wanaokota moja moja au wanatandika kitambaa chini ya mti tangu jioni, kisha maua yanakwenda madhabahuni. Huko Bengali, wanakoliita shiuli, likianza kuanguka watu wanajua sikukuu ya Durga Puja imekaribia. Vikonyo havitupwi: zamani vilitia hariri rangi ya zafarani.

Limewahi hata kugombanisha wake wenza. Katika hadithi za Wahindu, mungu Krishna aliuchukua mti wake mbinguni kwa Indra, mfalme wa miungu, kwa ajili ya mkewe Satyabhama. Ukapandwa kwake, maua yakawa yanaangukia uani kwa mke mwenzake, Rukmini.

Na ule mti mkubwa unaoitwa parijata? Uko kijiji cha Kintoor, wilaya ya Barabanki, Uttar Pradesh. Wenyeji husema Arjuna, shujaa wa hadithi za Kihindu, aliuleta kutoka mbinguni kwa ajili ya mama yake, Kunti, nao huufungia nyuzi za nadhiri. Mtu wa pwani yetu akiliona lile shina nene la kijivu hatauliza jina: ni mbuyu, mti wa Afrika. Ua lake nalo ni jeupe, hufunuka magharibi, na kesho yake liko chini.