Sufuria ya Medea

Uchawi wa kuchezea wakati umejaa siku hizi kwenye filamu na riwaya, na mwingi ni wa mkato: mtu anazungusha kidude mkononi, jana inarudi. Anayetaka kuona kilinge kilichopangwa sawasawa asome kitabu cha saba cha Metamorphoses, utenzi wa Kilatini wenye vitabu 15, ulioandikwa na Ovid kabla Kaisari Augusto hajamfukuza Roma mwaka 8 B.K.

Kisa kiko Thessaly, Ugiriki. Jason amerudi na ngozi ya dhahabu pamoja na mke mgeni, Medea, bingwa wa dawa. Baba yake Jason, mzee Aeson, amechoka kiasi kwamba hata sherehe ya kumpokea mwanawe imemshinda. Jason anamwomba mkewe apunguze miaka katika umri wake yeye Jason, amwongezee baba, kama mtu anavyomhamishia mwenzake salio la simu. Medea anakataa. Hecate, mungu wa kike wa wachawi, haliruhusu hilo. Lakini kuurudisha mwili wa mzee ulikotoka, hilo atalijaribu.

Kazi inaanza kwa kungoja, kwa kuwa mwezi haujakamilika. Ulipokuwa duara, Medea alitoka peku usiku, nywele ameziachia, nguo haina mshipi. Akazunguka mara tatu, akajinyunyizia maji ya mto kichwani mara tatu, akapiga ukelele mara tatu, kisha akapiga magoti na kuuomba usiku na nyota. (Dua hiyo ndiyo Shakespeare aliyoichota akampa Prospero katika The Tempest, na sidhani kama kuna aliyewahi kuiba vizuri zaidi.) Likashuka gari linalovutwa na majoka, naye kwa siku tisa, usiku na mchana, akawa anachuma mitishamba katika milima ya Ossa, Pelion na Olympus. Majoka hao hawakuonja jani hata moja. Harufu tu iliwafikia, wakajivua ngozi zao kuukuu.

Vilivyotiwa sufuriani vinahitaji kutazamwa kimoja kimoja. Kuna ini la kulungu aishiye miaka mingi, na kichwa cha kunguru aliyeona vizazi tisa. Kuna ngozi ya nyoka wa majini wa Libya, sakitu iliyokusanywa usiku wa mbalamwezi, na mchanga ulioachwa na bahari ilipokupwa. Wengi huiona orodha hii kuwa takataka za kutishia watoto, na kweli bundi yumo na matumbo ya mbwamwitu yamo. Mimi naona ni orodha ya vitu vilivyobeba muda ndani yake: viumbe walioaminika kuishi sana, mnyama anayejivua, maji yanayokupwa na kujaa. Medea hauumbi muda. Anaukusanya mahali ulipo. Miaka ya Jason imekataliwa, ya kunguru imekubaliwa, na siamini kwamba Ovid alipitiwa.

Anakoroga kwa tawi kavu la mzeituni. Tawi linageuka kijani, linatoa majani, mara limeelemewa na zeituni. Povu likimwagikia ardhini, hapo hapo panaota majani na maua. Ndipo Medea anamkata koo mzee aliyelazwa usingizi, anaiacha damu ya zamani itoke, anamjaza dawa. Mvi zinakuwa nyeusi, makunyanzi yanajaa nyama, na Aeson anashangaa akikumbuka kwamba hivi ndivyo alivyokuwa miaka 40 nyuma. Kwa hiyo mwili umerudi, kumbukumbu haikurudi. Yaliyotokea duniani yamebaki yametokea, ila mzee ameongezewa nguvu za kuishi nayo.

Sehemu inayofuata ndiyo ninayoipenda zaidi. Binti za Pelias, mfalme aliyempokonya Aeson kiti, wanataka baba yao naye afanyiwe vivyo hivyo. Medea anawaonyesha kwanza kwa kondoo dume mkongwe: anaruka kutoka sufuriani mwanakondoo, anatafuta titi la kunyonya. Wakaamini. Siku ya kazi sufuriani mlikuwa na maji matupu na majani yasiyo na nguvu. Mabinti wakamchoma baba yao visu huku wamegeuza nyuso, naye akajiinua kwa kiwiko akiwauliza wanafanya nini. Medea akamkata koo, akamtosa kwenye maji yanayochemka, kisha akapanda gari lake la majoka akaenda zake.

Wazo la damu inayorudisha ujana halikuishia kwa Ovid. Mwaka 2005 watafiti wa Chuo Kikuu cha Stanford waliwaunganisha panya wazee na panya vijana ili washirikiane damu, wakaona misuli ya wale wazee ikijitibu vizuri zaidi. Baadaye biashara ikaota: Marekani vikafunguliwa vituo vya kuwatia watu plazma, yaani sehemu ya majimaji ya damu, iliyotoka kwa vijana, kwa maelfu ya dola. Februari 2019 mamlaka ya chakula na dawa ya nchi hiyo, FDA, ikaonya kwamba tiba hiyo haijathibitishwa kuzuia uzee wala maradhi ya kusahau, na kwamba ina hatari zake. Basi ukija kuuziwa ujana, uliza kwanza kama ulichoonyeshwa kimefanyika kwa mtu au kwa kondoo.