Zima au Acha? Kweli na Uongo Kuhusu Modi ya Gemu

Ukiuliza namna ya kuifanya gemu iende vizuri kwenye kompyuta au simu, jibu la haraka utakalopewa ni kuzima kila kinachojiwasha chenyewe: modi ya gemu, Game Bar ya Windows, kiongeza kasi cha simu. Uliza tena upande wa pili, utaambiwa uwashe vyote. Vijana wetu wengi wanachezea laptopu za mtumba na simu za bei ya kati. Hao ndio wanaoumizwa zaidi na ushauri wa kubahatisha, kwa sababu kifaa chao hakina nguvu ya ziada ya kufidia kosa. Basi nayachukua madai yanayosikika sana, moja baada ya jingine.

"Modi ya gemu inaongeza nguvu ya kifaa."

Uongo. Modi ya gemu haitengenezi nguvu, inagawa upya iliyopo. Microsoft iliileta kwenye Windows 10 mwezi Aprili 2017, na kazi yake ni kuipa gemu kipaumbele mbele ya programu zinazofanya kazi kwa nyuma, pamoja na kuizuia Windows isisakinishe madereva ya vifaa wala kukudai uwashe upya kompyuta katikati ya mechi. Kwenye kompyuta yenye prosesa nzuri na hakuna kingine kilichofunguliwa, hutaona tofauti, kwa kuwa hakuna wa kunyang'anywa. Kwenye laptopu ya zamani inayosasisha mambo yake kimyakimya, faida inaweza kuonekana, hasa kwenye uthabiti wa fremu.

Kwenye Android kuna jambo jingine linalostahili kujulikana. Tangu Android 12 ya mwaka 2021, mfumo unamruhusu mtengenezaji wa simu kuipunguzia gemu ukubwa wa picha inayochorwa kabla haijatanuliwa kujaza skrini. Picha ya nukta 1280 kwa 720 ina nukta pungufu ya nusu ya zile za 1920 kwa 1080. Ukiona gemu imekuwa laini baada ya kuwasha modi, tazama kwa makini maandishi madogo na majani ya mbali. Huenda simu imechora kidogo zaidi, na ulaini ukaja kwa njia hiyo. Si dhambi, kwani mimi mwenyewe ningekubali biashara hiyo kwenye simu dhaifu, lakini mchezaji ana haki ya kujua amelipa nini.

"Kwenye Windows, kitu cha kwanza ni kuzima modi ya gemu."

Ushauri huu ulikuwa na msingi wake, ila umezeeka. Mwaka 2020 wachezaji wengi walilalamika kwamba modi hiyo inasababisha gemu kukwamakwama kwenye baadhi ya kadi za grafiki, na wengine walipoizima wakapona. Tangu hapo Windows na madereva ya kadi vimebadilika mara nyingi, ila ushauri umebaki palepale, unanakiliwa kutoka video moja hadi nyingine.

Leo kuna kompyuta ambazo kuizima ni kujiumiza. Mfano ulio wazi ni prosesa ya AMD Ryzen 9 7950X3D ya mwaka 2023. Ina viini (cores) 16 vilivyogawanywa kwenye vipande viwili, na kipande kimoja tu ndicho chenye akiba kubwa ya kumbukumbu ambayo gemu nyingi huipenda. Kompyuta itajuaje kwamba kinachoendeshwa ni gemu, ili iipeleke kwenye kipande hicho? Dereva la AMD hutegemea modi ya gemu na Xbox Game Bar kuitambua. Aliyenunua prosesa hiyo kwa bei kubwa, kisha akafuata video na kufuta Game Bar, amejiondolea sehemu ya kile alicholipia.

"Xbox Game Bar inakula kompyuta hata usipoitumia."

Hapa watu wanamkamata jirani na kumwacha mwizi. Game Bar yenyewe, ile inayofunguka ukibonyeza kitufe cha Windows pamoja na G, haichukui sana. Kinachochukua ni kurekodi kwa nyuma, yaani mpangilio unaoweka kumbukumbu ya dakika zilizopita ili ukifunga goli zuri uweze kulihifadhi. Ukiwashwa, kompyuta inarekodi video muda wote unaocheza. Kadi ya grafiki inabana picha, na diski inaandika bila kupumzika.

Kwenye kompyuta yenye diski ya kisasa na kadi nzuri, hasara ni ndogo. Kwenye laptopu ya mtumba yenye diski ya kuzunguka na ramu ya GB 4, diski hiyohiyo inatakiwa kusoma ramani ya gemu, kubeba mzigo unaofurika kutoka kwenye ramu, na bado iandike video. Matokeo yake unayajua: mchezaji anageuka kona, picha inaganda sekunde nzima, ikirudi ameshafungwa. Fungua Mipangilio, ingia sehemu ya michezo, kisha sehemu ya kunasa video, uhakikishe kurekodi kwa nyuma kumezimwa. Kwa kawaida Windows huja kukiwa kumezimwa, ila kompyuta iliyopita mikono ya watu watatu haiaminiki. Kwa laptopu dhaifu, huu ndio ushauri wa kuzima ninaousimamia bila kusita.

"Zima Memory Integrity, utapata fremu za bure."

Fremu ni kweli. Bure si kweli. Memory Integrity ni ulinzi wa Windows unaotenga kiini cha mfumo ili madereva yenye hila yasijipenyeze, na ulinzi huo unaigharimu prosesa. Microsoft wenyewe walikiri mwaka 2022 kwamba kwenye baadhi ya kompyuta za Windows 11 unaweza kupunguza kasi ya gemu, wakaeleza namna ya kuuzima wakati wa kucheza na kuurudisha ukimaliza.

Tatizo ni kwamba hakuna anayeurudisha. Na tuseme ukweli kuhusu mazingira yetu: gemu nyingi kwenye kompyuta za mtaani ni za kunakiliwa kwa flashi, zimevunjwa kufuli na mtu usiyemjua, na maelekezo yake huanza kwa kukuambia uzime kinga ya virusi. Kompyuta hiyohiyo ndiyo ya kazi za chuo, ina nywila za barua pepe na akaunti ya benki. Kuiondolea ulinzi wa kiini kwa ajili ya fremu chache ni uamuzi mbaya, na wanaousambaza bila kutaja hatari wanawakosea wasikilizaji wao.

"Kampuni iliyotengeneza simu inaweza kuibana gemu bila kukwambia."

Kweli, na limeshatokea hadharani. Mapema mwaka 2022, Galaxy S22 ilipoingia sokoni, watumiaji wa Korea Kusini waligundua kwamba programu ya Samsung iliyokuja ndani ya simu, Game Optimizing Service, inapunguza kasi ya prosesa pale gemu inapofunguliwa. Kilichowakera ni namna ilivyochagua: iliitambua programu kwa jina. Wajaribu waliichukua programu ya kupima kasi, wakaibadilishia jina la ndani ili simu idhani ni gemu ya Genshin Impact, na alama zikashuka vibaya. Ikirudishiwa jina lake, alama zinapanda. Maana yake, mnunuzi aliyesoma vipimo kabla ya kununua aliona kasi ambayo gemu yake haitaipata.

Primate Labs, watengenezaji wa kipimo cha Geekbench, waliziondoa simu za S10, S20, S21 na S22 kwenye chati yao. Samsung ilitoa sasisho lililompa mtumiaji uwezo wa kuondoa kizuizi, na mwezi Machi mmoja wa wakuu wake, Han Jong-hee, akaomba radhi mbele ya wanahisa. Kwa maoni yangu kosa la kampuni halikuwa kuipunguza kasi. Kosa lilikuwa kuficha, na kutompa mwenye simu nafasi ya kuchagua.

"Basi ukiondoa kizuizi, simu itakwenda kasi muda wote."

Uongo, na hapa ndipo vijana wengi wanapotea. Simu nyingi hazina feni. Joto la prosesa linatoka kupitia mgongo na skrini, na linatoka kwa shida zaidi pale hewa yenyewe ina nyuzi 32 au 33, kama Dar es Salaam au Mombasa mwezi Februari. Ukiilazimisha simu iende kwa kasi ya juu kabisa, dakika tano za mwanzo zitakufurahisha. Kisha vipima joto vya ndani vinaishusha prosesa kwa nguvu, fremu zinaanguka, skrini inafifia, na mchezo wa dakika ya ishirini unakuwa mbaya kuliko ule wa simu iliyoachwa kwenye kasi ya wastani. Ukifunga gemu kwenye fremu 40 au 60 zisizoyumba, mara nyingi utacheza vizuri kuliko kukimbilia 90 zinazopanda na kushuka.

Kinachoongeza joto kuliko vyote ni kucheza huku unachaji. Ndiyo maana baadhi ya simu, zikiwemo Infinix za mfululizo wa Note 30 zinazoonekana sana hapa kwetu, zina chaji ya kupitiliza: umeme unaendesha simu moja kwa moja bila kupitia betri. Kama simu yako inayo, iwashe. Kama haina, vua kava na uchaji ukimaliza.

"Kisafisha ramu kinaharakisha gemu."

Uongo. Android inapanga ramu yake vizuri bila msaada. Programu zilizofungwa kwa nguvu hujifungua tena dakika mbili baadaye, na kazi hiyo ya kujifungua ndiyo inayokula prosesa na chaji. Kifute kisafisha hicho.

"Kiongeza kasi kinashusha pingi."

Pingi ni muda ambao ujumbe unatumia kwenda kwenye seva na kurudi. Kiongeza kasi kinaweza kuzuia programu nyingine zisipakue vitu wakati unacheza, na kwenye bando la mashaka hilo linasaidia. Zaidi ya hapo, hakiwezi kuufupisha umbali hadi kwenye seva. Mwanga ndani ya kebo ya nyuzi husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Seva ikiwa mwisho wa kilomita 8,000 za kebo, kwenda na kurudi ni milisekunde 80 kabla hujahesabu mnara wa simu na vituo vya njiani. Chagua seva iliyo karibu zaidi kama gemu inaruhusu.

"Haina madhara kuiacha modi ya gemu ijiwashe yenyewe kila mara."

Si kweli kwa simu inayotumiwa na familia. Modi nyingi za gemu zinaweza kuficha arifa na kuzima milio ya simu zinazopigwa. Mtoto akiwa anacheza Free Fire kwenye simu ya mama, simu ya kutoka hospitali inaweza kupita kimya. Ingia kwenye mipangilio ya modi hiyo, uruhusu simu zinazopigwa, halafu arifa nyingine ziache zifichwe.

Kabla ya kuzima chochote, pima. Game Bar yenyewe ina kihesabu fremu, na gemu nyingi za mtandaoni zinaonyesha pingi kwenye kona ya skrini. Cheza ramani ileile dakika ishirini, andika, zima kitu kimoja tu, cheza tena dakika ishirini. Usipoona tofauti, kirudishe kilivyokuwa.