Nuru kama Kipimo cha Wakati katika Kiswahili: Vitenzi, Rangi na Pengo la Saa Mukendo

Ikisiri
Makala haya yanaeleza namna Kiswahili kinavyotaja wakati kwa kutumia mwanga na rangi zake. Yanadai kuwa mwandishi wa bunilizi anayesawiri ulimwengu ambamo nguvu ya wakati huonekana kama nuru ya rangi anaweza kujenga juu ya mfumo uliomo tayari katika lugha, mradi atofautishe wakati wa mwanga na wakati wa saa. Kata ya Mukendo, Musoma, inatumika kama kielelezo.

Utangulizi
Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe, zilithibitisha kuwa riwaya ya Kiswahili inaweza kusimama bila kutegemea wakati wa kalenda. Mwandishi anayetaka kwenda mbele zaidi, akaufanya wakati kuwa nishati inayobadilika rangi mbele ya macho ya wahusika, hukabiliwa kwanza na swali la kiisimu: je, lugha yenyewe huuonaje wakati?

Vitenzi vya mwanga
Kitenzi -cha, chenye maana ya kupata mwanga wa asubuhi, ndicho kiini cha mfumo huu. Katika kumekucha, kiambishi ku- hakirejelei mtendaji yeyote. Mahali pote ndipo panapobadilika. Kinyume chake ni -chwa, chenye sura nyingine ya -twa: jua limekuchwa. Kutokana na jozi hii hupatikana usiku kucha na mchana kutwa, ambapo muda mzima hutajwa kwa mwisho wake, yaani kuja au kuondoka kwa mwanga. Kila kukicha, vilevile, humaanisha kila siku.

Kielelezo chenye uzito zaidi ni -chelewa. Kitenzi hiki hutokana na -cha iliyoongezewa viambishi vya kutendea na kutendwa: aliyechelewa, kwa asili, ni yule ambaye mwanga umemkuta kabla hajatimiza lililompasa. Mzungumzaji wa leo hutumia neno hilo hata saa nne usiku bila kuhisi nuru iliyomo ndani yake. Mwanga umebaki katika umbo ilhali umefifia katika maana.

Rangi na mipaka ya wakati
Rangi zinazopokea viambishi vya upatanisho wa kisarufi katika Kiswahili ni tatu: -eupe, -ekundu na -eusi. Nyingine nyingi hutajwa kwa majina ya vitu, kama kijani, kijivu, kahawia na zambarau. Rangi zinazoshiriki katika kutaja wakati hutoka katika kundi la kwanza. Kumekuwa kweupe humaanisha kuwa mchana umeingia. Katika fikihi ya madhehebu ya Shafii, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani, wakati wa sala ya magharibi hukoma na ule wa isha huanza wekundu wa mbingu unapotoweka. Hapa rangi haiupambi wakati. Ndiyo mpaka wake.

Tofauti hii ina athari kwa mwandishi. Nuru nyeupe au nyekundu itaeleweka mara moja kuwa hatua ya wakati, kwa kuwa lugha imekwisha kumzoesha msomaji. Nuru ya zambarau haina msingi huo. Sharti matini yenyewe imfundishe msomaji maana yake.

Saa na mwanga Mukendo
Hesabu ya saa za Kiswahili huanzia mapambazuko: saa moja ni saa ya kwanza ya mchana. Hata hivyo, saa rasmi ya Afrika Mashariki hufuata longitudo ya nyuzi 45 mashariki, ilhali Musoma ipo karibu na nyuzi 33.8. Kila nyuzi moja ni dakika nne. Hivyo jua la Mukendo huwa nyuma ya saa kwa takriban dakika 45. Kwa wastani, jua huchomoza huko karibu saa 12:40 asubuhi, takriban dakika 22 baada ya kuchomoza Dar es Salaam.

Kwa hiyo, sentensi “ilikuwa saa kumi na mbili asubuhi, kumekucha” inaweza kukubalika Dar es Salaam, lakini Mukendo saa hiyo giza bado halijaondoka. Mandhari nayo hugeuka: pwani ya Dar es Salaam jua huchomoza upande wa bahari, ilhali Musoma huchwa upande wa ziwa. Saa ni moja nchi nzima. Kucha hakutokei kwa pamoja.

Hitimisho
Kinachohatarika ni uwezo wa lugha kubeba uzoefu wa mahali. Pale ufundishaji na uandishi unapoyafanya alfajiri, macheo na machweo kuwa visawe tu vya namba za saa, msomaji wa Mukendo husoma asubuhi ya mahali pengine. Kamusi na mitaala yafaa ifafanue istilahi hizi kwa hali ya mwanga kwanza, kisha kwa saa. Mwandishi wa bunilizi atakayefanya vivyo hivyo atakuta kuwa ulimwengu anaoubuni umekwisha kuanza kusemwa katika Kiswahili.