Kisigino Ndicho Kinachotangulia

Mvua ikinyesha usiku hapa Ruvu Stesheni, asubuhi njia inayotoka relini huwa kama daftari lililoandikwa upya. Kuku wameandika pao, baiskeli imepiga mstari wake, na ng'ombe wa wafugaji wamevuruga ukurasa mzima. Pembeni ziko nyayo za watu, na hizo ndizo ninazopenda kuzisoma kabla bodaboda hazijazifuta. Utaona nyuma pana shimo la mviringo lililozama. Katikati udongo umeguswa kidogo tu. Mbele, vidole vimeusukuma udongo kurudi nyuma. Lile shimo la nyuma limechimbwa na kisigino. Mtu akitembea, kisigino ndicho kinachotangulia kufika, sehemu nyingine za mguu hufuata.

Naanza na hilo, wajukuu zangu, kwa sababu ya mwenzenu mmoja, mjukuu wangu wa kidato cha kwanza. Siku moja alirudi kutoka shule uso umemkunjamana.

"Shikamoo babu."

"Marahaba mjukuu wangu. Nani kakuudhi?"

Akaniambia wenzake wamemcheka. Eti anatembea kwa kugonga visigino kama vijana wa JKT Ruvu wakiwa na mabuti, na mmoja wao amesikia kwamba kutua kwa kisigino ni kosa, mtu anatakiwa atue kwa mbele ya mguu. Basi mtoto wa watu alitembea kwa ncha za miguu njia nzima, karibu saa moja, na usiku ule misuli ya nyuma ya miguu ilimkaza mpaka akashindwa kulala. Nilisikitika sana. Mtoto hajakosa lolote, anaaibishwa kwa jinsi alivyoumbwa.

Nikamkalisha chini ya mwembe, nikamwambia habari za Laetoli.

Laetoli ipo kaskazini mwa nchi yetu, upande wa Ngorongoro. Yapata miaka milioni 3.66 iliyopita, mlima wa volkano ulimwaga majivu yakatanda ardhini. Ikanyesha mvua ndogo, majivu yakalowa na kuwa kama saruji mbichi. Wakapita viumbe wa kale waliotembea kwa miguu miwili, wadogo kwa kimo, hawajawa watu kamili kama sisi. Majivu yakakauka, yakafunikwa na majivu mengine, nyayo zikalala humo. Mwaka 1978 kikosi cha mtafiti Mary Leakey kikazifukua, msururu wa mita 27 hivi. Mwaka 2016 Profesa Fidelis Masao na wenzake wakatangaza nyingine zilizopatikana hapo hapo Laetoli. Ukizitazama picha za nyayo hizo utadhani zimepigwa njia ya kwetu baada ya mvua: nyuma, pale pa kisigino, pamezama.

Kwa hiyo kutembea kwa kisigino kulianza kabla ya kiatu, kabla ya shule, na kabla ya huyo aliyemcheka mjukuu wangu. Tena huyo hakusema uongo wa makusudi. Alichanganya kutembea na kukimbia. Mwaka 2010 mtafiti Daniel Lieberman na wenzake waliandika kuhusu wakimbiaji wa Bonde la Ufa, Kenya, waliozoea kukimbia pekupeku, kwamba wengi wao hutua kwa mbele au kwa katikati ya mguu. Habari hiyo ilienea dunia nzima. Lakini mwaka 2013 watafiti wengine waliwatazama Wadaasanach wa karibu na Ziwa Turkana, nao pia hukimbia pekupeku, wakaona kwamba katika mwendo wa kawaida wa mbio wengi wao walitua kwa kisigino. Kwenye mbio, basi, wataalamu wanaendelea kubishana, na kwa kweli kasi ikizidi mguu hujibadili wenyewe. Kwenye kutembea hakuna ubishi wowote.

Sasa tuuingie mguu wenyewe. Una mifupa 26, na mkubwa kuliko yote ni wa kisigino. Chini yake Mungu ameweka mto wa mafuta, unene wake haufiki sentimita 2. Ukitaka kuujua ulivyo, menya chungwa, ulipasue pande moja taratibu. Humo ndani maji hayajaachwa yatiririke ovyo, yamefungwa katika vifuko vidogo vidogo. Mafuta ya kisigino yamefungwa hivyo hivyo. Ukikanyaga, vifuko hubonyea bila mafuta kukimbilia pembeni, na ukinyanyua mguu hurudi vilivyokuwa. Kila hatua ya kutembea hukishushia kisigino mzigo unaozidi kidogo uzito wa mwili wako. Ukikimbia, mzigo huo hufika mara mbili au tatu ya uzito wako. Na mwendo wa saa moja una hatua kama 6,000. Mjukuu wangu akienda shule na kurudi, kila kisigino chake kimegonga ardhi mara 6,000 kabla hajala chakula cha jioni.

Treni ya mwendokasi ilianza kubeba abiria kati ya Dar es Salaam na Morogoro tarehe 14 Juni 2024, na inapita hapa hapa kwetu. Tunashukuru. Lakini kutoka stesheni mpaka mlangoni pako bado ni miguu, na zamani ilikuwa miguu mwanzo mpaka mwisho. Mto wetu wa Ruvu, huku chini kuelekea baharini, wasafiri wa karne ya 19 waliuita Kingani. Wapagazi waliotoka Bagamoyo waliuvuka na mizigo ya kilo 30 hivi kichwani au begani, wakaenda miezi na miezi mpaka Ujiji. Chuma na Susi, wahudumu wa msafiri Livingstone, na wenzao waliubeba mwili wake kutoka Chitambo, katika nchi ambayo leo ni Zambia, wakaufikisha Bagamoyo Februari 1874, safari ya zaidi ya kilomita 1,500. Kila nikiwafikiria watu wale nawaza visigino vyao.

Ilipofika Jumamosi tukaenda sokoni Mlandizi, mimi na mjukuu wangu, kutafuta kiatu cha kutembelea. Nilimwambia abebe na kile cha zamani kwenye mfuko. Akaona haya. Nikamwambia hatuendi kukionyesha watu, kinakwenda kutoa ushahidi.

Kiatu cha zamani, ukikipindua, kinasema yote. Cha mjukuu wangu kilikuwa kimelika kona ya nyuma, upande wa nje. Usiogope ukiona hivyo kwenye chako. Ndivyo viatu vya watu wengi vinavyolika, kwa sababu mguu hufika chini ukiwa umeinama kidogo kuelekea nje, kisha unajilaza. La kuangalia ni kama kiatu kimelika mpaka kimepinda. Kiweke juu ya meza, ukitazame kwa nyuma, usawa wa macho yako. Kikisimama wima, sawa. Kikiwa kimelala upande mmoja kama nyumba inayotaka kuanguka, usiendelee kukivaa, kwa maana kinakulaza na wewe.

Kwa sababu hiyo hiyo nawaomba muwe waangalifu na viatu vya mtumba. Sivisemi vibaya, wengi wetu tumevivaa na tutavivaa. Lakini kiatu cha mtumba kimekwisha kuumbwa na mguu wa mtu mwingine. Kipindue, kiweke juu ya meza ya muuzaji, kitazame kwa nyuma. Halafu bonyeza soli kwa kidole gumba. Kuna soli za sponji ambazo unyevu huzila taratibu kwa miaka, hata kiatu kikiwa kabatini hakivaliwi. Kwa macho ni kipya, ukitembea nacho wiki moja soli inameguka kama mkate mkavu. Ukiona nyufa ndogo ndogo au unga kwenye kidole, kirudishe.

Muuzaji wa kwanza alitutolea raba yenye soli nene, laini kama godoro. Mjukuu wangu akaipenda mara moja. Nikamwambia hapana, maana mimi mwenyewe niliwahi kununua ya namna ile. Dukani ilikuwa raha. Kwenye kokoto za kando ya reli kisigino kiliyumba ndani yake, mguu ukateguka, nikachechemea siku kumi. Kisigino kinataka kitu laini kiasi, chenye msimamo. Utafiti uliochapishwa mwaka 2019, uliowahusisha watu wa magharibi mwa Kenya wenye mazoea ya kutembea pekupeku, ulionyesha kwamba soli nene za sponji hupunguza ule mshindo wa kwanza, lakini mzigo unaoingia mwilini kwa kila hatua haupungui, unachukua tu muda mrefu zaidi. Raha ya dukani, basi, isikudanganye.

Tuliyoichukua mwishowe nitawaeleza ilivyokuwa, na ninyi mtapima ya kwenu. Ukuta wa nyuma, ule unaokumbatia kisigino, ulikuwa mgumu. Niliubana kwa vidole viwili, haukulala. Kisigino cha soli kilikuwa kipana, na ukingo wake wa nyuma haukukatwa wima kama ukuta wa tofali, ulipandishwa kidogo kwa mviringo. Ukingo huo una kazi kubwa kwa anayetua kwa kisigino. Mguu ukifika chini unabingirika kwenda mbele taratibu, haupigi paa! kama mlango uliosukumwa na upepo. Nikakikunja kiatu. Kikakunjika pale vidole vinapoanzia, ndipo mguu wenyewe unapokunjika. Kiatu kinachojikunja katikati, hapo chini ya uvungu wa mguu, hakina uti wa mgongo.

Tulikwenda alasiri kwa makusudi, kwa sababu mguu hutanuka kidogo mchana kutwa. Kiatu kinachokutosha asubuhi kinaweza kukubana saa kumi. Akavaa na soksi zake za shule, akavaa vyote viwili, maana miguu ya mtu mara nyingi haifanani kamili, halafu akasimama. Mbele ya kidole kirefu pakabaki nafasi ya upana wa kidole gumba. Akatembea kwenda na kurudi mbele ya kibanda, na kisigino hakikutoka.

Hapo muuzaji, kwa nia njema tu, akaniambia, "Mzee, chukua namba kubwa zaidi, atakulia humo." Wazazi wengi husikiliza neno hilo, najua ni kwa sababu ya kubana matumizi. Lakini kiatu kinachopwaya humpandisha na kumshusha mtoto kisigino mara 3,000 kwa saa, ngozi inachubuka, malengelenge yanatoka, na mtoto anaanza kukikanyaga kiatu kwa nyuma kama kubazi. Kiatu hicho hafiki nacho huko kwenye kukua. Nafasi ya kidole gumba inatosha. Na kinachobana nacho usikubali kwa maneno ya "kitalegea". Ngozi hulegea kidogo, plastiki hailegei kabisa.

Ardhi yetu nayo ina maneno yake. Bondeni, karibu na mto, ni udongo mweusi wa mfinyanzi. Masika hunata mpaka kiatu kinakuwa na uzito wa tofali, kiangazi hupasuka nyufa zinazoweza kumeza kisigino cha mtoto. Huko soli yenye meno mapana ndiyo inayofaa, maana tope hutoka kirahisi. Kwenye mchanga kisigino kinazama chenyewe, hakihitaji sponji. Kwenye lami ya Barabara ya Morogoro ndiko kinakohitaji msaada. Ninyi wa Kisarawe, mnaoshuka vilima vya Pugu na kupita misitu ya Kazimzumbwi, kazeni kamba juu kabisa kabla ya kuteremka. Kisigino kikishikwa nyuma, vidole havigongi mbele ya kiatu.

Katambuga za tairi naziheshimu. Mwiba hauzipiti, na aliyezizoea anakwenda nazo mbali. Ndala ni za kuogea na za uani. Kwa mwendo wa saa moja, vidole hufanya kazi ya kuzing'ang'ania na kisigino kinabaki bila mlinzi. Simpo zenye soli nyembamba kama karatasi, ambazo wasichana wengi huvaa shuleni, zinanihuzunisha kuliko zote, kwa sababu zinauzwa kama viatu vya shule na shule iko mbali.

Mtoto wa miaka minane hadi kumi na minne, hasa anayecheza mpira, anaweza kuumwa kisigino hata kiatu kikiwa kizuri, maana sehemu ya mfupa wa kisigino inayokua bado haijaungana na haijakomaa. Usinyamaze ukasema utazoea. Mwambie mzazi, upumzike michezo kwa muda, na maumivu yakiendelea au ukianza kuchechemea, nenda zahanati. Wakiona haja, watakupeleka Hospitali ya Tumbi, Kibaha.

Basi, usiku huu kabla hujalala, chukua kiatu unachokwenda nacho shule, kipindue, ukitazame nyuma upande wa nje. Soli ikiwa imeanza kulika, kipeleke kwa fundi sasa hivi, abandike kipande cha mpira kabla kiatu hakijapinda. Ikiwa imelika mpaka sponji ya ndani inaonekana, kichukue mkononi, umwonyeshe baba au mama kwa heshima, na umwambie unatembea saa ngapi kwa siku.