Hansen, beki aliyehamia kwenye luninga

Katika mabanda ya video hapa mpakani, ambako Jumamosi nyingi najipumzisha baada ya mizigo kuvuka, mabishano huwa ni ya wafungaji mabao. Beki hutajwa akikosea. Leo namtetea beki mmoja, Alan Hansen wa Scotland, ambaye wengi wanamkumbuka kwa sentensi moja tu, tena ile iliyomgeuka.

Hansen alitoka Partick Thistle, na mwaka 1977 Liverpool ikamnunua kwa pauni 100,000. Hakuwa beki wa kubutua. Alimnyang'anya mshambuliaji mpira kwa utulivu, kisha akapanda nao taratibu hadi katikati ya uwanja. Alicheza mechi 620, akatwaa ubingwa wa ligi ya England mara 8 na Kombe la Ulaya mara 3.

Lakini Scotland ilimchezesha mara 26 tu. Mwaka 1986 akiwa nahodha Liverpool ilitwaa ligi na Kombe la FA kwa mpigo, na bado kocha wa taifa akamwacha nyumbani timu ilipokwenda Kombe la Dunia Mexico. Kocha huyo aliitwa Alex Ferguson. Lishike jina hilo, msomaji.

Mwaka 1991 goti lilimlazimisha kutundika daluga, akiwa na miaka 35. Ndugu zetu waliorejea nyumbani na kuanza kazi nyingine kabisa wanaijua hali hiyo: sifa za jana hazinunui unga.

Mwaka 1992 akaanza uchambuzi BBC, kipindi cha Match of the Day. Wengine wakisifu bao, yeye alimtafuta beki aliyesahau kurudi.

Ndipo ikafika Agosti 1995. Manchester United ya Ferguson, iliyokuwa imewauza Ince, Hughes na Kanchelskis, ilipanga chipukizi kina Neville, Butt na Scholes, ikafungwa 3-1 na Aston Villa. Hansen akasema huwezi kushinda chochote kwa watoto. Msimu ulipokwisha, watoto hao walikuwa na ligi na Kombe la FA.

Alichekwa, na anachekwa hadi leo. Mimi naona wanamwonea. Siku ile Cantona alikuwa anatumikia adhabu, akarejea Oktoba. Schmeichel, Bruce na Keane nao hawakuwa watoto. Chipukizi wale walikuwa na wazee wa kuwashika mkono.

Ninachomheshimia ni kwamba hakukimbia kejeli. Alikalia kiti kile miaka 22, hadi 2014.

Mmoja wa watoto wale, Gary Neville, beki pia, alistaafu 2011 akaenda kuchambua Sky. Desemba 2015 akathubutu kuifundisha Valencia ya Hispania. Machi 2016 akatimuliwa, akarudi kwenye uchambuzi. Hansen hakuwahi kujaribu ukocha.